Umbo la Fremu: Vulkan, Kioo cha Lori na Mwinuko wa Timboroa

Tuchukue fremu moja ya Euro Truck Simulator 2, mchezo wa kuendesha malori uliotolewa na SCS Software ya Prague mnamo Oktoba 2012, tuiweke mahali tunapopajua. Lori lenye trela limetoka Nakuru, limeipita Mau Summit, na sasa linaukwea mwinuko wa Timboroa kuelekea Burnt Forest na Eldoret, katika mojawapo ya ramani za Kenya ambazo wapenzi wa mchezo huu hujitengenezea. Ndani ya fremu hiyo mna dashibodi, usukani, lami inayopanda, misonobari iliyosongamana, magunia ya viazi yaliyopangwa kando ya barabara, ukungu, na vioo viwili vya pembeni vinavyoonyesha njia iliyoachwa nyuma. Mchezaji huona picha. Mhakiki wa umbo, ambaye ndiye ninayemwandikia, ataona matini: mfululizo mrefu wa amri zilizoandikwa na prosesa kuu, zikasomwa na kadi ya michoro, na zote zikakamilika ndani ya milisekunde 16.7 ikiwa tunataka fremu 60 kwa sekunde, au 33.3 ikiwa tunaridhika na 30.

Lugha ambamo amri hizo huandikwa ndiyo kiolesura cha michoro, na kwa takriban miaka kumi sasa wachezaji wameiuliza lugha hiyo swali lilelile: nikihama kutoka OpenGL, au Direct3D 9 au 11, nikaingia Vulkan au Direct3D 12, nitapata fremu ngapi zaidi? Ni swali halali, hasa kwa anayecheza kwenye kompyuta iliyotumikia ofisi ya ng'ambo kabla ya kufika dukani kwetu. Lakini idadi ya fremu ni athari, na athari haielezeki pasipo umbo lililoizaa. Dai langu ni kwamba violesura vya zamani na vipya vinatofautiana, kabla ya jambo jingine lolote, katika wakati wa kusema: cha zamani humruhusu mwandishi wa mchezo kuamua mambo yake amri kwa amri hadi nukta ya mwisho, ilhali kipya humdai atamke nia yake mapema na kwa ukamilifu. Kasi, inapopatikana, hutoka hapo.

Tuanze na umbo la kale, na tulisome kwa heshima linayostahili. OpenGL, iliyotoka kwa Silicon Graphics mwaka 1992, na Direct3D 9, iliyofika mwishoni mwa mwaka 2002, zina sarufi ya hali inayodumu. Programu hutamka: tumia sheda hii (yaani programu ndogo inayoendeshwa na kadi yenyewe), tumia picha hii ya gome la msonobari, ruhusu uchanganyaji wa rangi, chora. Kisha hutamka: badilisha picha, chora. Kila kilichosemwa huendelea kutawala hadi kitenguliwe, kwa hiyo wito wa pili wa kuchora huurithi muktadha wote wa wito wa kwanza bila kuurudia. Ufupi wa namna hii una uzuri wake, na umewalea watunzi wengi wa michezo, kwa kuwa mwanafunzi anaweza kuiona pembetatu yake ya kwanza kwenye skrini baada ya kuandika mistari michache tu.

Gharama ya ufupi huo hulipwa na msomaji aliye katikati. Kiendeshi, yaani ile programu ya mtengenezaji wa kadi inayokaa kati ya mchezo na maunzi, hakiwezi kujua sentensi inamaanisha nini mpaka neno la mwisho, "chora", litamkwe, kwa sababu hali yoyote ingeweza kubadilika sekunde moja kabla. Kwa hiyo kila wito hukirudisha kwenye maswali yaleyale: je, hali zote hizi zinapatana? Je, picha inayotakiwa bado inaandikwa na kazi iliyotangulia? Je, sheda hii pamoja na uchanganyaji huu zimekwisha kutafsiriwa kwa lugha ya kadi, au zianze kutafsiriwa sasa hivi? Maswali hayo huulizwa zaidi kwenye uzi mmoja wa prosesa huku viini vingine vikiwa havina kazi kubwa. Direct3D 11 ya mwaka 2009 ilisimama katika hatua ya kati, ikizikusanya hali katika mafungu makubwa yanayokaguliwa mara moja yanapoundwa. Ndiyo hatua ambayo SCS iliichukua kwa mchezo huu mwaka 2019, na baadaye Direct3D 9 ikaachwa.

Vioo ndivyo vinavyofichua uzito wa umbo hili kuliko sehemu nyingine yoyote ya fremu yetu. Kioo cha mchezo hakiakisi chochote. Ni picha ya pili ya dunia, iliyochorwa upya kutoka mahali pengine na kwa pembe nyingine. Kioo cha kushoto kinadai misonobari yake, lami yake na magunia yake ya viazi, na kioo cha kulia vilevile, kabla kibanda cha dereva hakijachorwa. Mchezo wa mbio za magari wenye kioo kimoja kidogo juu ya dirisha haulipi deni hili kwa kiwango hiki. Mchezo wa malori haukwepi, kwa sababu kutazama nyuma ni sehemu ya maudhui yake: trela hukata kona kwa njia yake, na dereva anayeshuka kutoka Timboroa bila kuangalia vioo hajacheza mchezo aliokusudiwa. Wachezaji wanajua kwa mazoea kwamba kupunguza ubora wa vioo huipa nafuu kompyuta dhaifu. Ukungu nao una nafasi yake, kwani unapoyameza yaliyo mbali unampa mtunzi wa ramani sababu ya kisanaa ya kutoyachora kabisa, ila afueni hiyo huja tu pale injini inapoambiwa isiyatume.

Historia ya mageuzi yenyewe naipitia kwa haraka, maana inajulikana. AMD ilitangaza kiolesura chake cha Mantle mwaka 2013, na Battlefield 4 ya DICE ikaipokea mwanzoni mwa 2014. Direct3D 12 ikaja na Windows 10 mnamo Julai 2015. Mantle ikakabidhiwa Khronos, muungano unaosimamia viwango vya michoro, nayo Khronos ikatoa Vulkan 1.0 tarehe 16 Februari 2016. Mwaka huohuo Android 7.0 iliiingiza Vulkan kwenye simu.

Umbo la Vulkan linampokea msomaji kwa ukali. Pembetatu ileile ya mwanafunzi sasa hukaribia mistari elfu moja. Karibu kila muundo mkuu unaokabidhiwa kiolesura huanza kwa kujitaja aina yake, kisha huacha nafasi ya kiungo kuelekea muundo mwingine utakaouongezea maana, ndipo huendelea na yaliyomo. Mtu akiusoma kwa mara ya kwanza huona urudufu, lakini akiusoma kwa subira huona kanuni: kila muundo hujieleza wenyewe, bila kutegemea kumbukumbu ya kilichosemwa kabla yake. Mkondo wa uchoraji, ambao ndani yake mna sheda, namna ya kuchanganya rangi, upimaji wa kina na umbo la data inayoingia, huundwa ukiwa mzima kabla ya fremu kuanza, na ukishaundwa, sehemu kubwa yake haibadiliki. Amri za kuchora haziendi moja kwa moja kwenye kadi. Huandikwa katika daftari la amri, ambalo linaweza kuandikwa na uzi mmoja huku uzi mwingine ukiandika jingine, kisha madaftari yote hupelekwa kwenye foleni kwa pamoja. Katika fremu yetu, uzi mmoja ungeweza kuandika kioo cha kushoto, wa pili kioo cha kulia, na wa tatu barabara iliyo mbele, bila yeyote kumngoja mwenzake.

Hata ukaguzi umehamishwa. Kiendeshi cha zamani kiliikagua programu siku zote, kwa mtengenezaji na kwa mchezaji aliyenunua miaka mitano baadaye. Vulkan inauweka ukaguzi katika tabaka la pembeni, linalowashwa wakati wa utunzi na kuondolewa wakati wa uchapishaji, kwa imani kwamba matini iliyokwisha kusahihishwa haihitaji kusahihishwa mara 60 kwa sekunde mbele ya msomaji wake.

Kuna kifungu kimoja cha kiolesura hiki ambacho ningependa tukae nacho zaidi, nacho ni kizuizi. Turudi kwenye kioo cha kulia. Kwanza huchorwa kama picha ya kujitegemea. Kisha, kibanda cha dereva kinapochorwa, picha hiyohiyo husomwa na kubandikwa juu ya umbo la kioo. Kitu kimoja kina dhima mbili, kwanza mahali pa kuandikia, halafu chanzo cha kusomea. Katika Direct3D 11 mpito huo hauandikwi kama tukio: mchezo hutaja tu kwamba sasa picha inatumika kama chanzo, na kiendeshi hujikumbusha chenyewe kwamba muda mfupi uliopita palikuwa pakiandikwa, kikaingiza subira pale kinapodhani inafaa. Katika Vulkan mwandishi hutunga sentensi kamili. Hutaja picha. Hutaja kwamba mpaka hapa ilikuwa katika mpangilio unaofaa kupokea rangi, na kwamba kuanzia hapa iwe katika mpangilio unaofaa kusomwa na sheda. Hutaja hatua ambayo lazima iwe imekamilika, nayo ni utoaji wa rangi wa kioo, na hutaja hatua inayopaswa kungoja, nayo ni sheda ya vipikseli ya kibanda.

Uzuri wa sentensi hiyo uko katika kile inachokiacha huru. Kwa kuwa kinachongoja kimetajwa kuwa sheda ya vipikseli peke yake, kadi inaweza kuendelea kupiga hesabu za vipeo vya usukani na dashibodi wakati kioo bado kinamaliziwa. Subira imekatwa kwa kipimo cha kazi inayoihitaji. Mwandishi mvivu anaweza kutunga kizuizi kinachosema kila kitu kingoje kila kitu, na fremu itatoka sahihi, lakini atakuwa amerudisha uzito wa zamani kwa mikono yake mwenyewe, mzito zaidi kwa kuwa hakuna kiendeshi cha kumrekebisha. Anayekisahau kizuizi kabisa atapata kioo kizuri kwenye kadi yake na kioo chenye takataka kwenye kadi ya mwingine. Kisha kuna uamuzi mdogo ninaouhesabu kuwa wa kiufundi na wa kimtindo kwa pamoja: fremu mpya inapoanza, mwandishi anaweza kutangaza kwamba mpangilio wa awali wa picha ya kioo haujulikani, maana yake yaliyomo humo yanaweza kutupwa. Kioo cha fremu iliyopita hakina kazi tena, na kadi inapoambiwa hivyo haijisumbui kuyahifadhi. Kiolesura kinachompa mtunzi namna ya kuamuru usahaulifu kimefikiriwa kwa kina.

Kwa msomaji wa ushairi wa Kiswahili, mwelekeo wa mageuzi haya una jambo la kushangaza. Mgogoro wetu wa miaka ya 1970 kati ya wanamapokeo na wanamabadiliko, ambao diwani ya Kichomi ya Euphrase Kezilahabi ya mwaka 1974 iliuchochea, ulitufundisha kuutarajia usasa ulegeze: vina viachwe, mizani ivunjwe, mtunzi apumue. Hapa usasa umekuja kwa kukaza. Kiolesura kipya kimeleta arudhi pale ambapo cha kale kiliruhusu usemi huru, na kimedai mizani ihesabiwe na mtunzi kabla ya kusimama mbele ya hadhira. Ila arudhi hii haikuwekwa kwa ajili ya sikio. Iliwekwa kwa sababu kadi ya michoro ina maelfu ya kazi zinazoenda sambamba, na usambamba hauwezi kupangwa na msikilizaji asiyejua shairi linaelekea wapi.

Ushahidi unaunga mkono usomaji huu, na unaunga mkono zaidi pale unapoonekana kuupinga. The Talos Principle ya Croteam ilibeba Vulkan siku ileile kiolesura kilipotoka, na katika hali yake ya siku hiyo ya kwanza ilikuwa bado nyuma ya Direct3D 11. Injini iliyotungwa kwa sarufi ya zamani, ikivishwa maneno mapya, huendelea kufikiri kwa mtindo wa zamani, na inakabiliwa na viendeshi vya Direct3D 11 vilivyokwisha kung'arishwa kwa miaka mingi na wahandisi waliojifunza kukisia nia za michezo. Doom ya id Software, iliyopata Vulkan mnamo Julai 2016, ilionyesha upande wa pili: ikilinganishwa na OpenGL yake yenyewe ilipiga hatua kubwa, na wenye kadi za AMD ndio waliofaidika zaidi, kwa kuwa OpenGL ya AMD haikuwa imara na kadi hizo zilikuwa na uwezo wa kufanya hesabu za pembeni sambamba na uchoraji, uwezo ambao kiolesura cha kale hakikuwa na kitenzi cha kuutaja.

Lakini msomaji wangu wa Eldoret, akitaka kuhamisha mchezo wake leo, kwa kawaida hatumii Vulkan iliyotungwa na mwenye mchezo. Hutumia DXVK, tabaka la tafsiri lililoanzishwa na Philip Rebohle, ambalo Valve ililiingiza katika Proton mnamo Agosti 2018 ili michezo ya Windows iende kwenye Linux. Wapo pia wanaoliweka kwenye Windows kwenyewe, kwa kuweka faili lake la d3d9.dll, au la d3d11.dll pamoja na dxgi.dll, ndani ya folda ya mchezo. Grand Theft Auto IV ya mwaka 2008 ni mfano unaotajwa sana. Kama kazi ya tafsiri, DXVK ni ya daraja la juu, na ugumu wake ni ule ambao nimekuwa nikiueleza. Matini chanzi husema hali moja moja na kuchelewa kufunua maana. Matini lengwa hutaka mkondo mzima mapema. Mfasiri hujua mkondo gani unahitajika pale tu mchezo unapotamka "chora", na hapo ndipo hulazimika kuuunda, fremu ikiwa tayari inasubiriwa. Mchezaji huuona wakati huo kama mkwamo: lori linakata kona karibu na kituo cha mafuta kwa mara ya kwanza, skrini inaganda kidogo, na mara ya pili kona hiyohiyo ni laini kwa sababu mkondo umekwisha kuwekwa akibani.

Ndiyo maana nawashauri wenzangu wasiamini wastani wa fremu. Wastani unaweza kupanda wakati uzoefu umeharibika, kwa kuwa mkwamo mmoja wa milisekunde 200 hupotea ndani ya dakika nzima ya fremu laini. Kinachosomeka ni mchoro wa muda wa fremu, moja baada ya moja.

Khronos yenyewe ilikiri kwa vitendo kwamba arudhi yake ilikuwa imekazwa kupita kiasi. Vulkan 1.3 ya Januari 2022 ilifanya hali nyingi zaidi ziweze kubadilishwa bila kuunda mkondo upya, ikaruhusu uchoraji usiotangulizwa na tamko refu la awamu. Nyongeza nyingine ya mwaka huo iliruhusu vipande vya mkondo kutayarishwa mbalimbali na kuunganishwa baadaye, na DXVK 2.0 ya Novemba 2022 ikaitumia kupunguza mikwamo ya mara ya kwanza kwa kadi zinazoiunga mkono. Mwaka 2023 ikaja nyongeza inayomwezesha mtunzi kutumia sheda bila mkondo mzima, jambo linalosogea karibu na sarufi ya kale. Naona huu ni ukomavu. Yaliyobaki yamekazwa ni yale ambayo maunzi yanayahitaji kweli, kama vile kizuizi cha kioo chetu. Yaliyolegezwa ni yale yaliyokazwa kwa kukisia tabia za kadi ambazo hazifanani.

Sasa mashine zenyewe. Wauzaji wa laptopu za ex-UK hupanga bidhaa zao kwa vizazi vya Intel, na mpaka wa vizazi hivyo ndio mpaka wa suala letu. HP EliteBook 840 G1 yenye prosesa ya kizazi cha nne haina Vulkan kwenye Windows; Direct3D 12 ilikuwa nayo, kisha Intel ikaizima kwenye kizazi hicho kwa sababu za kiusalama; na kwenye Linux, Vulkan ya kizazi hicho haijakamilika. Hapo Direct3D 11 ndiyo mwisho wa njia, na si mwisho mbaya. EliteBook 840 G3 ya kizazi cha sita ina Vulkan, lakini prosesa yake ina viini viwili tu, na DXVK hupata sehemu ya faida yake kwa kuhamishia kazi kwenye uzi mwingine ambao lazima upate kiini cha kukalia. Isitoshe, kwenye laptopu ya aina hii kinachoshindwa kwanza mara nyingi ni michoro iliyojengwa ndani, inayogawana kumbukumbu na prosesa, na kiolesura chochote kile hakiongezi nguvu ya kadi iliyokwisha kulemewa. Mwenye laptopu hiyo yenye kipande kimoja cha RAM atapata nafuu ya uhakika zaidi kwa kuongeza cha pili. Kompyuta ya mezani yenye viini vinne na kadi ya kujitegemea kama RX 570 ndiyo mahali ambapo kuhama kunastahili kujaribiwa kwa matumaini, na kadi ya zamani isiyofikia Vulkan 1.3 ibaki na DXVK 1.10.3, toleo la kabla ya 2.0.

Mwenye G1 asihame. Mwenye G3 ajaribu, apime muda wa fremu kwenye mpando uleule na lori lilelile, vioo vikiwa vimewashwa, na arudi Direct3D 11 bila majuto ikiwa mchoro wake umejaa miiba. Kwa watunzi wa ramani zetu nina ombi moja zaidi. Gunia la viazi likinakiliwa mara 80 kando ya barabara kama modeli 80 tofauti, ni wito 80 wa kuchora, na kila kioo kinachoyaona huyaagiza upya. Yakitungwa kama modeli moja inayorudiwa, au yakaunganishwa kuwa rundo moja, injini inaweza kuyatuma kwa wito mmoja au michache. Unganisheni magunia, wekeni umbali wa kuchorwa unaolingana na ukungu wa Timboroa, na mtakuwa mmewapa wenye kompyuta za kizazi cha nne fremu ambazo hakuna kiolesura kitakachowaletea.